Kompyuta inadai inakosa DLL: soma jina la faili kabla ya kupakua chochote

Ukiona kisanduku kimetokea katikati ya kioo kikisema programu haiwezi kuanza kwa sababu MSVCP140.dll haipo, usikimbilie kuandika jina hilo Google na kupakua faili hilo peke yake, hata kama mwalimu amesimama nyuma ya kiti chako na mtihani wa muhula haujachapwa. Najua linavyoshawishi. Tovuti zinazogawa DLL moja moja ndizo zinazojitokeza juu, zina kitufe kikubwa cha kijani, na faili lenyewe halifiki hata MB 1. Kwa mtu anayehesabu bando hiyo ni bei ya chee. Ila mashine nyingi zinazofika mezani hapa Mwanjelwa, Mbeya, zikiwa hazitamaniki, ukizifuatilia utakuta zilianza na kaugonjwa kadogo zikapewa dawa hiyo.

DLL ni faili la msimbo linalotumiwa na programu nyingi kwa pamoja. Mtaa mzima una mashine moja ya kusaga. Ikiharibika, nyumba kumi zinalala bila ugali na kosa si la sufuria ya mtu yeyote. Aliyeandika programu yako ya risiti hakuandika upya namna ya kuchora dirisha au kufungua faili. Aliazima kwenye maktaba ya pamoja iliyotengenezwa na Microsoft, au na kampuni ya printa, na maktaba hizo husafiri kwa vifurushi. Faili linalotajwa kwenye meseji ni moja tu kati ya mafaili ya kifurushi. Ukilileta peke yake litaanza kuwaulizia ndugu zake. Utapakua la pili, la tatu, na katikati ya safari hiyo utakuwa umeshapakua kirusi.

Kwa hiyo kazi ya kwanza ni kujua faili hilo ni la kifurushi kipi, na mara nyingi jina lenyewe linasema.

Meseji inataja faili kwa jina

Majina yanayoanza na MSVCP, MSVCR au VCRUNTIME ni ya ukoo mmoja, Microsoft Visual C++ Redistributable. Namba ya mwisho inaonyesha toleo: 100 ni la 2010, 110 ni la 2012, 120 ni la 2013. Namba 140 ilianza na toleo la 2015, na ya 2017, 2019 na 2022 yakaendelea kuitumia hiyohiyo, ndiyo maana kifurushi kimoja cha 2015 hadi 2022 kinayahudumia yote manne. Ukikutana na mfc100u.dll, hiyo nayo ni ya 2010.

Kwenye tovuti ya Microsoft utakuta mafaili mawili, vc_redist.x86.exe (ya biti 32) na vc_redist.x64.exe (ya biti 64). Kama Windows ni ya biti 64, weka yote mawili. Hapa ndipo swali huja: "Fundi, kompyuta yangu ni ya biti 64 na nimeweka ya x64, mbona bado inalia?" Inalia kwa sababu programu yenyewe ni ya biti 32, na programu ya biti 32 haiwezi kutumia maktaba ya biti 64 hata uibembeleze vipi. Mafaili yote mawili hayafiki MB 50. Yapakue mara moja, yatie kwenye flashi, utayatumia kwa wateja wengi bila kugusa bando tena.

Ukifungua orodha ya programu zilizowekwa utaona Microsoft Visual C++ imejipanga mistari saba au nane, kila mmoja na mwaka wake. Kuna vijana wanaifuta wakidhani ni takataka inayojirudia, ili kompyuta "ipumue". Si takataka. Toleo la 2010 haliwezi kukaimu nafasi ya la 2013. Ukilifuta, programu inayolitegemea itagoma siku utakapoihitaji, na siku hiyo hakuna atakayekumbuka kwamba kuna mtu alifanya usafi.

Faili lenye jina refu kama api-ms-win-crt-runtime-l1-1-0.dll husumbua zaidi kwenye Windows 7. Maktaba hiyo imo ndani ya Windows 10 na 11 zenyewe, lakini Windows 7 huipata kupitia sasisho KB2999226, na sasisho hilo linataka Service Pack 1 (furushi kubwa la masasisho ya Windows 7) iwepo kwanza. Ukijaribu kuweka Visual C++ ya 2015 ikakataa kwa namba 0x80240017, kagua mambo hayo mawili kwa mpangilio huohuo: Service Pack, kisha KB2999226, ndipo urudie. Microsoft iliacha kuihudumia Windows 7 tarehe 14 Januari 2020, lakini kompyuta za mtumba hazisomi kalenda, na bado tunazipokea.

Ikitajwa d3dx9_43.dll au xinput1_3.dll, ni mambo ya magemu. Kifurushi chake ni DirectX End-User Runtimes ya Juni 2010. Weka, cheza, tuendelee.

Inatoa namba 0xc000007b

Meseji hii haitaji faili lolote. Kwa kawaida maana yake ni kwamba programu imekuta maktaba ya biti isiyo yake. Muulize mwenye mashine taratibu, bila kumgombeza, na mara nyingi utasikia kwamba kuna kijana "alibandika kafaili System32".

Majina ya folda hapa yanapotosha. Kwenye Windows ya biti 64, System32 ndiyo yenye maktaba za biti 64, na SysWOW64 ndiyo yenye za biti 32. Programu nyingi za zamani ziliandikwa zikiitaja System32 moja kwa moja, kwa hiyo Microsoft walipohamia biti 64 waliliacha jina hilo mahali pake. Kijana akapakua faili la biti 32, akaona "32" kwenye jina la folda, akalitupa humo, akidhani amepatia.

Kulitafuta lililopandikizwa, fungua folda zote mbili na upange mafaili kwa tarehe. Kwa mafaili ya Visual C++, bofya kulia, chagua Properties: lililo halali lina kichupo cha Digital Signatures chenye jina la Microsoft. Lisilo na sahihi lihamishie folda nyingine (usilifute kwanza), kisha endesha vc_redist zote mbili na uchague Repair. Kipimo hiki cha sahihi kitumie kwa mafaili ya Visual C++ tu. Mafaili mengi halali ya Windows yanathibitishwa kwa katalogi iliyo pembeni, kwa hiyo hayana kichupo hicho, na ukianza kuyahamisha hayo utakesha ukiipiga Windows upya.

Chungulia pia folda ilimo programu yenyewe. Windows ikitafuta maktaba, kwa kawaida huanzia kwenye folda ya programu kabla ya kwenda System32. DLL mbovu iliyobandikwa hapo hutangulia kusomwa hata kama iliyo nzima ipo. Watengeneza virusi wanaufahamu mpangilio huu vizuri kuliko mafundi wengi.

Jana ilifanya kazi, leo haifunguki

Mshukiwa wa kwanza ni antivairasi. Fungua Windows Security, nenda Protection history, uone kama kuna DLL iliyotiwa karantini tarehe hiyohiyo. Kama ni ya programu uliyoinunua kihalali na una hakika na chanzo chake, irudishe na uiruhusu. Kama programu ni ile ya "iliyovunjwa" uliyopewa kwenye flashi, DLL iliyokamatwa mara nyingi ndiyo iliyochezewa ili kuruka leseni. Hiyo sikushauri uirudishe. Aliyeichezea hakukuambia ameiongezea nini kingine.

Mshukiwa wa pili ni umeme. Kuanzia Novemba hadi Aprili, mvua na radi za huku kwetu nyanda za juu haziibembelezi kompyuta ya mezani isiyo na UPS (betri ya akiba). Umeme ukikatika wakati Windows inajisasisha au inaandika kwenye diski, mafaili ya mfumo yanabaki nusunusu. Fungua Command Prompt kwa haki za msimamizi na uendeshe amri hizi mbili, kwa mpangilio huu:

DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth
sfc /scannow

Ya kwanza inatengeneza ghala la akiba la Windows. Ya pili inachukua mafaili mazima kutoka kwenye ghala hilo na kuyarudisha yalikoharibika. Ukianza na sfc wakati ghala lenyewe ni bovu, itakwambia imekuta mafaili mabovu na imeshindwa kuyatengeneza, nawe utakata tamaa bure. Windows 7 haina RestoreHealth. Huko tumia sfc peke yake.

Tatizo la DISM ni kwamba huenda intaneti kutafuta mafaili, na ukiwa Makete au Ludewa na mtandao wa kusuasua, utaiona imeganda mpaka uhisi imekufa. Kama una flashi ya kuwekea Windows ya toleo lilelile, ielekeze huko:

DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth /Source:wim:E:\sources\install.wim:1 /LimitAccess

E ni herufi ya flashi yako. Namba 1 ni nafasi ya toleo ndani ya faili, maana install.wim moja inaweza kubeba Home, Pro na mengine. Kujua lako ni la ngapi, andika DISM /Get-WimInfo /WimFile:E:\sources\install.wim. Ukikuta flashi ina install.esd badala ya install.wim, badilisha mwisho wa jina la faili na lile neno wim: liwe esd:. Zingatia toleo: flashi ya Windows 10 haitatibu Windows 11.

Ukishatengeneza, mashine ikatulia, halafu ugonjwa ukarudi na faili jingine kabisa likatajwa, acha kufukuzana na mafaili. Tazama diski. CrystalDiskInfo ni programu ya bure. Ikionyesha Caution ya njano, na safu za Reallocated Sectors au Current Pending Sector zina idadi, diski inakufa. Nakili kazi za mteja kwanza, maelezo baadaye. Maktaba zinazoandikwa juu ya diski inayooza zitaharibika tena hata uweke kifurushi mara ngapi.

Kuna mshukiwa mdogo anayesahaulika: saa. Kompyuta ya mtumba yenye betri ya CR2032 iliyokwisha hurudi miaka mingi nyuma kila umeme ukikatika. Tarehe ikiwa ya zamani, tovuti salama zinakataa kufunguka kwa sababu cheti chao kinaonekana bado hakijaanza kutumika, na programu za kusakinisha zinazopakua vifurushi zenyewe hukwama bila kueleza vizuri. Nimezoea kuangalia saa kwenye kona ya kioo kabla ya kushika kipanya. Betri hiyo inapatikana hata kwa wauza saa.

Faili lipo kabisa, lakini inadai halipo

Programu za zamani za kupima kahawa ya wakulima au kutoa ripoti za wanafunzi, nyingi ziliandikwa kwa Visual Basic 6, na zina meseji yake: MSCOMCTL.OCX haijasajiliwa sawasawa, au mojawapo ya mafaili yanayotegemewa halipo. Karani wa AMCOS, chama cha ushirika cha wakulima, anaapa kwamba faili lipo, amelitafuta na kuliona kwa macho yake. Hasemi uongo. OCX ni ndugu wa DLL anayehitaji kuandikishwa kwenye rejista ya Windows, na kuwepo kwenye folda peke yake hakumtoshi. Kwenye Windows ya biti 64, baada ya kuhakikisha faili limo SysWOW64, andika kwa haki za msimamizi:

C:\Windows\SysWOW64\regsvr32.exe C:\Windows\SysWOW64\MSCOMCTL.OCX

Kama faili lenyewe halipo, endesha upya CD au kifurushi asili cha programu hiyo. Ndicho kilicholeta OCX tangu mwanzo.

Amri ya regsvr32 imegeuzwa kuwa Panadol. Watu wanaiendesha kwa DLL yoyote inayotajwa, kisha wanashtuka ikijibu kwamba DllRegisterServer haikuonekana. Jibu hilo halimaanishi faili ni bovu. Linamaanisha DLL hiyo si ya aina inayosajiliwa, kwa hiyo achana nayo. MSVCP140 haisajiliwi, na VCRUNTIME140 pia haisajiliwi.

Wakati mwingine faili linalotajwa ni zima, ila faili jingine linalotegemewa nalo ndilo limekosekana, na Windows imemtaja mlalamikaji badala ya mkosaji. Hapo tumia Process Monitor ya Microsoft. Chuja kwa jina la programu yako, njia zinazoishia na .dll, na matokeo ya NAME NOT FOUND. Utaona mistari mingi, usiogope: Windows hupita folda moja baada ya nyingine, na kukosa kwenye folda ya kwanza ni kawaida. Unatafuta DLL iliyokosekana kila mahali, isiyopata SUCCESS popote, karibu na mahali programu ilipokata roho. Wanafunzi wa Iyunga wanaotumia Ubuntu (Linux) badala ya Windows wana njia fupi zaidi: ldd ikifuatiwa na njia ya programu, kisha usome mistari yenye "not found".

Inataka .NET Framework 3.5

.NET Framework ni kifurushi kingine cha maktaba za Microsoft. Bonyeza kupakua, ikikubali umemaliza. Ikikataa kwa namba 0x800F081F, haijapata mafaili ya chanzo. Chomeka flashi ya Windows ya toleo lilelile na uandike:

DISM /Online /Enable-Feature /FeatureName:NetFx3 /All /Source:E:\sources\sxs /LimitAccess

Kuwa na .NET 4.8 hakutoshi. Programu iliyoandikwa kwa ajili ya 3.5 inataka 3.5, na inaruhusiwa kuwa na ukaidi huo.

Draiva inagoma

Draiva nayo ni mkusanyiko: faili la INF lenye maelekezo, faili la SYS linaloongea na kifaa, na DLL kadhaa kwa ajili ya madirisha na mipangilio. Tofauti kubwa na programu za kawaida ni kwamba kwenye draiva hakuna kuvumiliana kwa biti. Programu ya biti 32 inafanya kazi ndani ya Windows ya biti 64. Faili la SYS la biti 32 haliingii kabisa. CD iliyokuja na printa enzi za Windows XP ya biti 32 haitakusaidia leo, na Windows 11 haina toleo la biti 32 la kurudi nyuma.

Fungua Device Manager, bofya kifaa chenye alama ya njano, usome namba. Code 28 ni kwamba hakuna draiva. Code 39 ni kwamba draiva imeharibika au sehemu yake haipo. Iondoe pamoja na mafaili yake, kisha uiweke upya. Code 10 ni kwamba kifaa kimeshindwa kuanza, na kabla ya kulaumu draiva badilisha waya na tundu la USB.

Code 52 ni sahihi ya draiva isiyothibitishika. Kwenye Windows 7 chanzo mara nyingi ni kimoja: draiva mpya zimesainiwa kwa SHA-2, mtindo mpya wa sahihi, na Windows 7 isiyosasishwa haiielewi. Sasisho la kuifundisha ni KB4474419. Mafundi wengine huzima ukaguzi wa sahihi wakati wa kuwasha. Inafanya kazi mpaka kompyuta izimwe, kisha mteja anarudi kesho yake amekunja uso.

Kifaa kikiandikwa Unknown device, usinunue programu za kutafuta draiva. Nyingi zinakuletea matangazo kuliko draiva. Fungua Properties, Details, Hardware Ids. Utaona kitu kama USB\VID_1A86&PID_7523. VID ni mtengenezaji, PID ni kifaa. Hiyo niliyoandika ni CH340, chipu iliyomo kwenye nyaya nyingi za bei nafuu za kuunganisha mizani na printa ndogo za risiti. VID_04B8 ni Epson, VID_03F0 ni HP, VID_04A9 ni Canon. Ukishajua hivyo, unakwenda kwenye tovuti ya mtengenezaji ukijua unachotafuta.

Nyaya za Prolific zina kituko chake. VID_067B&PID_2303 ikiwekewa draiva mpya inaweza kuandika kwenye Device Manager kwamba chipu hiyo iliondolewa tangu 2012, uwasiliane na aliyekuuzia. Waya haujafa. Draiva mpya imeacha kuzihudumia chipu za zamani, na zile za kuigiza inazikataa. Rudi kwenye draiva ya zamani kwa kuchagua Update driver, kisha uichague mwenyewe kutoka orodha ya zilizomo. Kwa mteja wa kudumu mimi humshauri anunue waya mwingine, maana Windows Update ina tabia ya kuirudisha draiva mpya kimyakimya.

Kwa steshenari, ugonjwa mkubwa ni printa. Draiva ya printa ina DLL zinazopakiwa na Print Spooler, huduma ya Windows inayosimamia foleni ya kuchapa, na DLL moja mbovu inaweza kuiangusha huduma nzima, hivyo printa zote zinatoweka kwa mpigo hata ile isiyo na kosa. Dada wa dukani anaona foleni ya kazi haisogei na kubonyeza kuchapa mara ishirini. Simamisha, safisha, washa:

net stop spooler
del /Q C:\Windows\System32\spool\PRINTERS\*.*
net start spooler

Ikianguka tena dakika hiyohiyo, ondoa draiva yenyewe. Kufuta alama ya printa hakutoshi, mafaili yake yanabaki. Andika printui /s /t2, itafunguka orodha ya draiva zote za printa. Chagua ya zamani, Remove, kisha Remove driver and driver package. Ikikataa kwa kusema inatumika, washa upya spooler na uondoe haraka kabla hujachapa chochote. Anza na draiva za printa zilizouzwa au kufa zamani. Hizo ndizo hukaa humo zikigombana na mpya.

Kabla ya kupiga Windows upya

Kuna wakati ni busara kuacha kutibu: kirusi kimeingia kwenye mafaili ya EXE, DISM inashindwa hata ikipewa flashi sahihi, au mtu amekwishabandika DLL nyingi kiasi kwamba hujui halali ni ipi. Piga upya. Lakini kompyuta ya mtumba ya chapa usiyoifahamu ikishapoteza draiva ya mtandao, huna hata njia ya kuingia mtandaoni kuitafuta. Kwa hiyo tengeneza folda kwenye flashi, tuseme E:\Draiva, na kwenye Windows 10 au 11 ambayo bado inawaka uandike:

pnputil /export-driver * E:\Draiva

Draiva zote zisizo za Microsoft zitanakiliwa humo. Baada ya kupiga Windows ya biti zilezile, zirudishe kwa amri moja, bila bando:

pnputil /add-driver E:\Draiva\*.inf /subdirs /install

Zitakazokataa zitaje kwa namba zao za VID na PID, uzitafute moja moja. Kisha weka vc_redist zote mbili na .NET 3.5 kabla hujaweka programu yoyote ya mteja, ndipo umwite aje kuchukua mashine yake.